Chochote Utakachoomba

Jumatatu, tarehe 4 Mei

Padri Odon amesema niandike dhambi zangu kila siku. Ati nikifika kuungama nazisahau zote, naanza kumsimulia habari za kuku. Haya. Dhambi za leo: hakuna. Nimekaa nikazitafuta, hakuna. Lakini wino nimeshaukoroga, utakauka bure. Basi nitaandika shida.

Shida ni moja, ina miguu miwili na tumbo: shemeji Foulques, mdogo wa marehemu mume wangu. Kaja asubuhi, kakaa kwenye kiti cha marehemu bila kukaribishwa. Kauliza watoto hawajambo, kala jibini, kisha kasema Pentekoste haiko mbali. Najua haiko mbali! Silali kwa ajili hiyo! Hapa Montfavel kila mwenye ardhi hupeleka kasrini, siku ya Pentekoste, mtu mmoja juu ya farasi, kavaa deraya ya chuma, kashika mkuki, akaguliwe. Ndivyo tunavyoilipia ardhi. Mume wangu alikwenda miaka ishirini. Mwaka jana ndiyo kwanza tulikuwa tumemzika, tukasamehewa. Mwaka huu hakuna msamaha. Asipoonekana mpanda farasi wetu, ardhi anapewa ndugu wa kiume wa karibu. Ambaye ni yeye, kasema shemeji, akakata kipande kingine cha jibini.

Nikamwambia Josselin atakwenda. Shemeji kacheka mpaka jibini likamtokea puani.

Josselin ni mwanangu, miaka kumi na saba. Mtoto mzuri. Ana huruma, ana mikono myepesi, na hakuna mwanamke nchi hii anayemshinda kushona. Ila farasi akipiga chafya tu, mwanangu yuko juu ya meza.

Dada yake Mahaut, ambaye ndiye anayeendesha shamba, kasema wasiwasi wa nini, yeye ataenda kuzungumza na Bibi Aanor. Bibi Aanor ndiye anayeshika kasri, mumewe yuko vitani ng'ambo mwaka wa nne huu. Nikamwambia Mahaut, mwanangu, wanawake hawaendi kuzungumza. Wanawake hukaa dirishani, wanaume wakaja. Ndivyo ilivyo katika hadithi zote. Krismasi iliyopita nilimsikiliza manju wa kasrini siku tatu mfululizo, akisimulia mashujaa wa farasi, na nimezishika zote kichwani. Dawa ya kila kitu imo mle.

Mahaut kaniuliza katika hadithi hizo nani anakamua ng'ombe. Sikumbuki. Nadhani hawana ng'ombe.

Jumatano, tarehe 6 Mei

Nimeipata dawa! Mkono wa gauni!

Kuna hadithi ya kijana mmoja mwoga, mwoga kabisa, mpaka binti mmoja akafumua mkono wa gauni lake, akamfungia kwenye mkuki. Kijana kuuona tu mkono ule, kaangusha mashujaa arobaini kabla ya chakula cha mchana. Sasa Josselin hana binti. Lakini mama anaye. Mikono ya magauni yetu tunaishonea kila asubuhi, kuifumua ni kazi ndogo. Nikatoa gauni langu la harusi, lile jekundu, nikafumua mkono wa kulia, nikaufunga kwenye mkuki wa baba yake. Nikamwita.

Kautazama. Macho yakajaa machozi. Nikasema moyoni, eeh, ushujaa huo unaingia! Kauliza kwa sauti ya kutetemeka ni nani aliyeshona upindo huu, maana umekwenda kombo toka mwanzo mpaka mwisho. Kauchukua, kaenda nao kwenye mwanga.

Mpaka jioni kaufumua, kaushona upya, kautia mizabibu ya uzi wa kijani na ndege wawili. Ndege wana mpaka kucha! Sijaona kitu kizuri namna ile. Farasi hajamsogelea.

Dhambi: majivuno, kwa ajili ya ndege wale.

Alhamisi, tarehe 7 Mei, sikukuu ya Kupaa

Baada ya misa nimempeleka Josselin kwenye kivuko cha mto. Katika hadithi shujaa husimama kivukoni na kumzuia kila anayepita mpaka wapigane. Damu huchemka yenyewe. Nimemvalisha deraya, na chini ya deraya fulana mbili za sufi, maana pale mtoni pana upepo na kifua chake si cha kuaminika. Nikajificha nyuma ya mierebi.

Wa kwanza kupita: bibi kizee mwenye bata. Josselin kambebea bata. Wa pili: mke wa mwenye kinu. Kambeba mwenyewe, kavushwa mgongoni kama malkia, kampa mayai sita. Wa tatu, ole wangu, shemeji Foulques! Nikafumba macho. Nikayafumbua. Josselin kamshikia mizigo, na shemeji anamwambia ahsante kijana, angalia usilowanishe kofia.

Mayai ni mazuri, lakini.

Jumamosi, tarehe 9 Mei

Mungu ni mwema! Nilikuwa dirishani (Mahaut alikuwa zizini) na shujaa wa farasi akaja! Wa kweli! Mrefu, ndevu za rangi ya asali, ngao yenye picha ya chui. Au ni mbwa. Anaitwa Bwana Enguerrand. Anazunguka dunia kutafuta mambo makubwa. Nikamuuliza anatokea wapi, kasema mbali. Nikamuuliza anakwenda wapi, kasema mbali zaidi, ila kwanza kuna harufu ya kitunguu na nyama.

Kaniita Bibi wa Kasri. Mimi! Paa letu linavuja, na nguruwe alikuwa amelala mlangoni ikabidi amruke. Kanibusu mkono uliokuwa na vitunguu, wala hakukunja uso.

Mahaut kaninong'oneza nitazame buti zake. Moja nyeusi, moja ya kahawia. Nikamwambia ndiyo alama ya mtu aliyepita mengi. Kasema ndiyo, hasa milango ya nyuma.

Ana ulimi mtoto huyu. Kaupata kwa baba yake.

Jumanne, tarehe 12 Mei

Sijui nianzie wapi. Wino umedondoka, niwieni radhi.

Bwana Enguerrand siku hizi tatu amekula: mapaja mawili ya nguruwe, jibini la mviringo lote, njegere sufuria nzima, mikate sikuihesabu. Si kwamba namsimanga. Mgeni ni mgeni, tena mwembamba mbavuni, nikimtazama nasikia huruma. Na mimi nilikuwa na mpango wangu. Leo nikamchinjia bata bukini yule mkubwa, nikamwalika Padri Odon awe shahidi. Katika hadithi shujaa akila kwenye meza ya mjane aliyeonewa, humtetea. Nilitaka aape kumfukuza shemeji.

Kaapa! Kasimama, kaweka kiganja juu ya bata bukini, kasema yeye ni mtumishi wa Bibi wa nyumba hii mpaka mwisho. Machozi yakanilengalenga. Mafuta ya bata yalikuwa yakimchuruzika mpaka kwenye kiwiko, lakini maneno yalikuwa mazuri.

Kisha kapiga goti. Kasema ana kitu kimoja cha kuniomba, je, nitampa?

Sasa, kila anayejua hadithi anajua hapa. Bibi mwungwana haulizi ni kitu gani. Anayeuliza kwanza ni bahili, na hadithi yake huishia vibaya. Bibi mwungwana hutoa kwanza, husikia baadaye. Nikanyoosha mgongo. Nikasema mbele ya Padri, mbele ya Josselin, mbele ya mpishi: chochote utakachoomba, Bwana.

Mahaut kaangusha upawa.

Kaomba Mahaut. Na ardhi. Kasema Pentekoste atakwenda kasrini kama mwenye nyumba hii, na mimi nisiwe na hofu, nitabaki na chumba changu kile kidogo cha juu.

Kile kinachovuja.

Jumatano, tarehe 13 Mei

Dhambi: moja. Kubwa.

Alhamisi, tarehe 14 Mei

Afadhali Mahaut angepiga kelele. Hakupiga. Katengeneza uzio wa kondoo tangu alfajiri, kila nyundo naisikia kifuani. Mchana nikampelekea maziwa na mkate, nikakaa karibu naye kwenye majani. Nikasema mwanangu, nilitaka mema. Kasema anajua, mama, ndiyo taabu yenyewe.

Kisha kaniuliza swali. Kasema katika hadithi zako hizo, Bibi anakaa dirishani, anatoa amri, mwanamume anakimbia huku na huko na mkuki. Sawa. Hadithi inakwisha, manju anakunywa divai yake. Je, sasa hivi funguo za kasri ziko kwa nani?

Nikafikiri. Ile ya chemchemi: funguo ziko kwa shujaa. Ile ya mbweha mweupe: kwa shujaa. Ile ya yule mjane mwenye minara saba: kwa shujaa, na farasi wake kapewa mnara mmoja.

Nikasema lakini wanapendana. Kasema hata Morel tunampenda, mama, tunampapasa shingo kila siku, na bado tandiko liko mgongoni mwake. Morel ni farasi wetu. Mzee, mpole, jicho la kushoto halioni.

Nimelia kidogo. Kanifuta uso kwa aproni yake iliyojaa sufi, nikapiga chafya, tukacheka wote wawili. Kasema Jumapili atamwendea Bibi Aanor mwenyewe, uso wazi, miguu yake miwili. Nikamwambia sawa, mwanangu.

Lakini bado kuna siku mbili. Nina wazo.

Jumamosi, tarehe 16 Mei

Wazo lilikuwa hili. Katika hadithi shujaa aliyefunika uso kwa kofia ya chuma haulizwi jina. Ni mwiko. Anapita, watu wanasema ah, huyo ni nani, basi. Kwa hiyo Josselin akifika kasrini alfajiri kafunika uso, karani ataandika mpanda farasi wa nyumba yetu kafika, na Enguerrand na shemeji wote wawili watakuta ukaguzi umekwisha.

Josselin kasema mama, naogopa. Nikasema hutaanguka, nitakufunga. Leo tumejaribu nyuma ya ghala. Nimemfunga kwenye tandiko kwa kamba za magauni yote niliyo nayo. Nimemtilia mto. Nimemvisha kofia ya chuma ya baba yake, kubwa kidogo, ikazunguka, matundu ya macho yakawa kisogoni. Kabla sijairudisha, Morel kaona majani mabichi ng'ambo ya bwawa.

Hakukimbia. Morel hakimbii. Kaenda tu, taratibu, kwa lile jicho lake moja, akaingia bwawani mpaka tumboni akasimama kunywa. Na mwanangu juu yake anaita mama, mama, kumekucha? Mbona nasikia maji?

Bwana Enguerrand kasimama kwenye uzio, akipiga makofi na kula keki yangu ya asali.

Mahaut ndiye aliyeingia majini kuwatoa. Josselin nimemsugua mgongo kwa mafuta ya bata, nimemnywesha mchuzi wa moto. Hakuumwa. Mkuki ulielea, mkono wa gauni haukulowa. Nilikuwa nimesahau kuufungua.

Jumapili, tarehe 17 Mei, Pentekoste

Tumerudi. Naandika yote kwa mpangilio, nisije nikasema niliota.

Ukumbi wa kasri ulijaa. Bibi Aanor kakaa katikati, mwanamke wa makamo, kifungu cha funguo kiunoni kizito kama mtoto mchanga. Anakula lozi. Manju miguuni pake na kinanda. Karani anaita nyumba moja moja, mpanda farasi anapita uani mbele ya mlango, anaandikwa. Wakafika jina la marehemu mume wangu.

Shemeji Foulques karuka mbele. Kasema nyumba hii haina mwanamume, yeye yupo, farasi wake yupo, aandikwe. Bwana Enguerrand naye karuka. Kasema nyumba hii ni yake kwa ahadi ya Bibi, mbele ya padri na bata bukini. Wakaanza kusukumana kama mbuzi mlangoni. Shemeji kamwita mla njegere. Yeye kamwita shemeji tumbo lisilo na ngao. Watu wakawa wanacheka.

Mahaut katembea katikati yao kama hawapo. Kapiga goti, kaweka viganja vyake katikati ya viganja vya Bibi Aanor, vile vile baba yake alivyokuwa akifanya, na kuapa kuishika ardhi kwa niaba yake mwenyewe na ya kaka yake. Hakutaja dirisha hata moja. Kataja uzio uliotengenezwa, daraja la kivuko, magunia ya shayiri yaliyoletwa kasrini wakati wa baridi, kila gunia kwa siku yake. Bibi Aanor kasema anayakumbuka magunia hayo. Kasema mumewe ana miaka minne hayupo na kuta hizi bado zimesimama, kwa hiyo hajaona bado ni kazi gani ya ardhi inayohitaji ndevu.

Shemeji kasema ndevu si kitu, lakini sheria inataka deraya juu ya farasi. Enguerrand kasema na ahadi je?

Ndipo Bibi Aanor kaniita mimi. Mimi! Kaniuliza, mama, hebu niambie ulisema nini hasa. Nikasema yote. Bata, goti, chochote utakachoomba. Ukumbi mzima ulicheka, manju akaangua kicheko mpaka kinanda kikalia chenyewe. Bibi Aanor hakucheka. Ila lozi zilimpalia.

Kasema: mama, mtu hutoa kilicho chake. Ardhi ni ya watoto, si yako. Binti ana kinywa chake. Kamgeukia Padri Odon, kamuuliza je, bibi harusi si lazima akubali mwenyewe? Padri kasema ni lazima, ndivyo Kanisa linavyofundisha. Mahaut kaulizwa. Kasema hapana, kwa heshima, mara mbili ili karani aandike vizuri.

Lakini ahadi ni ahadi, kasema Bibi Aanor, lazima Bwana huyu apate kitu. Mama, una nini kilicho chako mwenyewe?

Nikajitazama. Viatu vya kuazima. Nyumba ya watoto. Funguo nilishampa Mahaut zamani, nazipoteza. Kisha nikauona mkuki wa marehemu, Josselin kaushika nyuma ya nguzo, na mkono wangu mwekundu unaning'inia.

Nikasema nina huo.

Bibi Aanor kauchukua, kautazama muda mrefu, kisha kamfungia Bwana Enguerrand begani kwa mikono yake mwenyewe. Kamuuliza manju, wewe unazijua hadithi: mwanamume akivaa mkono wa gauni wa Bibi mbele za watu, afanyeje? Manju kasimama, kakohoa, kafurahi kuulizwa. Kasema humtumikia Bibi huyo mwaka mmoja na siku moja. Hubeba ngao yake. Hutii bila kuuliza. Na malipo yake ni tabasamu.

Makofi! Wanawake wote wamesimama! Bwana Enguerrand kawa mwekundu kuliko mkono wenyewe. Akiuvua, kesho hakuna ukumbi utakaompokea kutoka hapa mpaka baharini. Kainama. Nikatabasamu haraka, nisije nikaonekana simlipi.

Shemeji kauliza kwa sauti ndogo, sasa mpanda farasi wa nyumba hii ni nani? Bibi Aanor kaonyesha kwa lozi. Karani kaandika: deraya moja, farasi mmoja, bwana mmoja mwenye mkono.

Kisha kauliza ni nani aliyeshona ndege hawa. Nilitaka kusema ni mimi (dhambi, naiandika). Josselin katoka nyuma ya nguzo. Anatakiwa kasrini Jumatatu ijayo, ashone bendera. Nimekwisha waambia majirani kwamba mwanangu ameitwa kwa mambo ya vita.

Jumatano, tarehe 20 Mei

Amani! Nyumba imetulia.

Bwana Enguerrand anapalilia maharagwe, mkono wa gauni begani. Mahaut anampa amri, na yeye anatii bila kuuliza, ila anahema sana. Nimempelekea mkate na jibini mara tatu, maana jua ni kali na mtumishi wangu asije akaugua. Tabasamu nampa asubuhi na jioni.

Nimemwambia Mahaut, unaona sasa? Hadithi ni za kweli. Mkono wa gauni umefanya kazi, ila nilikuwa nimemfungia mtu asiye wake. Kaenda kukagua mizinga ya nyuki.

Mchana huu nilikuwa dirishani, peke yangu, nachambua njegere. Kaja shemeji Foulques. Si kama zamani, jamani! Kasimama mlangoni mpaka nikamkaribisha. Kofia mkononi. Kanyong'onyea, mashavu yameanguka, nikamtazama nikamwona marehemu mume wangu siku alipopoteza mbwa. Kaniita shemeji wangu mpenzi. Kasema ametenda vibaya. Kasema hataki tena makubwa, ana kitu kimoja tu kidogo cha kuniomba, cha kwangu mwenyewe, si cha watoto, je, nitampa?

Nilifikiri kweli kweli, Padri, nisisingiziwe. Nikakumbuka bata bukini. Nikakumbuka upawa ulivyoanguka. Nikafikiri: mara ile ilitisha, lakini tazama ilivyoishia. Ardhi tunayo, mpanda farasi tunaye, mwanangu kaitwa kasrini, na yote yalianza kwa neno moja la uungwana. Nikiuliza sasa ni kitu gani, si nitakuwa bahili?

Nikanyoosha mgongo. Nikasema chochote utakachoomba, shemeji.

Hakutaja. Kasema atataja Jumapili, mbele ya mashahidi, na kama itawezekana nivae gauni la harusi, hata likiwa na mkono mmoja. Kaondoka karibu anacheza. Maskini, kumbe anaridhika na kidogo.

Mahaut sijamwambia. Ana kazi nyingi.

Dhambi za leo: nimetafuta tena, mpaka chini ya njegere. Hakuna.